Kasi ya mwanzo: uliza kwanza jiwe linaangukia wapi

Juzi usiku, umeme ukiwa umekatika Kadutu, hapa Bukavu, kama kawaida, msichana mmoja finalisti, yaani wa mwaka wa mwisho, aliniandikia: «Yaya, hesabu za tiri, za vitu vinavyorushwa, zinanimaliza. Wakati wa jiwe hewani hawajautoa, sasa kasi ya mwanzo nitaipata wapi?» Akatuma na picha ya daftari. Nikacheka peke yangu, halafu kicheko kikaisha. Karibu ni hesabu ileile iliyoniaibisha mbele ya darasa zima.

Yangu ilikuwa hivi: jiwe linarushwa kutoka juu ya ukuta wa mita 15, likielekea juu kwa pembe ya digrii 45, na linaanguka mita 30 kutoka mguuni pa ukuta. Chukua g, mchapuko wa mvutano wa dunia, kuwa 10. Lilirushwa kwa kasi gani?

Enzi hizo nilikuwa bingwa wa kukariri. Nilikuwa na fomula yangu fupi: umbali mara g, gawanya kwa sinusi ya pembe maradufu, halafu kipeuo cha pili. Sinusi ya 90 ni 1, basi 300, na kipeuo chake 17.3. Nilimaliza wa kwanza, nikageuza karatasi, nikabaki naangalia ziwa dirishani. Na 17.3 ilikuwepo kati ya majibu ya kuchagua! Ningeshtuka nini? Anayetunga mtihani anajua utateleza wapi, anakuwekea jibu palepale likungoje. Mwalimu alisoma alama zetu kwa sauti. Nilikuwa na 3 kwa 10, na akaongeza neno juu ya watu wanaojiita mainjinia kabla ya wakati. Miaka imepita, neno hilo bado nalisikia.

Kilichonifungua macho ni mbegu mbili za avoka. Nilisimama na mdogo wangu juu ya ukuta wa nyumbani, yeye akaachia yake idondoke, mimi nikairusha yangu mbele, sawasawa bila kuinua mkono. Chini ikasikika «pa!» moja tu. Tukarudia mpaka mama akauliza kama tumekosa kazi. Kwenda mbele hakukuichelewesha mbegu yangu kushuka. Galileo alishayachapisha mambo haya mwaka 1638, na mimi nilikuwa nayo daftarini, lakini daftari halina sauti.

Basi, mdogo wangu, gawa safari mara mbili: ya mlalo na ya wima. Kinachoziunganisha ni wakati, t. Kwa digrii 45 kasi ya mlalo na ya wima ni sawa, iite u. Mlalo: u mara t ni 30. Wima: 15 + ut − 5t² = 0 (15 ni ukuta, 5 ni nusu ya g, 0 ni chini). Mahali pa ut weka 30, unabaki na 5t² = 45, t ni sekunde 3. Kwa hiyo u ni 10, na kasi ya mwanzo ni kipeuo cha u² + u², yaani cha 200: 14.1 m/s. Wakati hawakuutoa kwa sababu unajitoa wenyewe.

Fomula fupi ni ya jiwe linalorudi kwenye usawa lilikotoka. Langu lilikuwa na mita 15 zaidi za kushuka, lilipata muda zaidi hewani, ndiyo maana kasi ndogo ilitosha. Chora kwanza. Weka alama linapoanzia na linapoangukia. Kisha chora tena, maana najua hamtachora. Nyinyi vijana mnaotaka politekiniki mnakusanya fomula kama vocha za simu, mnasahau kuuliza kila moja inatumika wapi. Nawaambia kwa ukali kwa sababu mimi nililipa.

Saa tano na nusu msichana akatuma picha nyingine. Mchoro upo, ukuta upo, mishale miwili ipo, na jibu lake ni sahihi. Ila m/s hakuandika. Nimemrudishia.