Mnaoanza kuongoza wageni Rungwe, punguzeni vituo

Wadogo zangu mnaoanza kazi ya kutembeza wageni wa siku moja huku kwetu, kuanzia Mbeya mjini kupanda Uporoto mpaka Tukuyu na kushukia Kyela, kuna jambo naliona kila wanapoingia wapya na naomba mnisikilize. Karibu wote mnaanza na ratiba ya vituo sita saba. Ziwa Ngozi lililo ndani ya kreta asubuhi, kisha Daraja la Mungu, Kijungu pale mto Kiwira, mashamba ya chai Katumba, maporomoko ya Kaporogwe, Ziwa Masoko, alafu saa kumi na mbili jioni mko Mbeya. Mgeni akiisoma kwenye simu anafurahi, anaona hela yake imefanya kazi. Ila mwisho wa siku kakaa kwenye gari masaa mengi kuliko aliyokaa na watu, kapiga picha ya kila kitu na hajui jina la mtu hata mmoja wa Rungwe.

Ushauri wangu ni kituo kimoja kikubwa cha kuona na nyumba moja ya familia ya kukaa, kula na kuongea na wenyeji, na katikati uweke kitu kidogo ambacho hata mkikiruka hakuna atakayelalamika. Basi. Wageni wa Dar, wa Nairobi, wa Ulaya, wanafunzi wa chuo, wote hao nimeona wanaondoka na furaha zaidi siku yenye vitu vichache.

Tuchukue Ngozi maana ndiyo wengi wanaanzia. Ondokeni Mbeya saa kumi na mbili asubuhi, sio saa mbili, kwa sababu ukungu wa kule haumsubiri mtu. Unaweza kupanda msitu mzima, ukafika ukingoni hoi, na chini usione ziwa wala nini, weupe tu, na mgeni kakutolea macho. Asubuhi mara nyingi ndiyo kuna nafasi nzuri zaidi. Kutoka barabara ya Tukuyu pale Isongole mnaingia ndani, mashamba ya viazi yanaisha, mnaanza msitu, na kipande cha mwisho ni mlima wa kushika mizizi. Mvua ikiwa imenyesha usiku udongo ule ni utelezi mtupu, kwa hiyo mwambieni mgeni mapema kuhusu viatu, yaani siku moja kabla kwa ujumbe, maana akishafika na sendo hamna la kufanya. Fimbo wanauza watoto na vijana wa pale, nunueni hapohapo. Na habari ya kushuka mpaka majini msiiahidi, ukuta ule ni mkali, hiyo mnaamua mkiwa juu mkishaona hali ya njia na hali ya mgeni mwenyewe.

Jambo la malipo ya msitu lishughulikieni mkiwa bado mjini. Serikali siku hizi inataka kontrol namba, yaani namba ya kumbukumbu ya malipo, huwezi kutoa noti mkononi ukaingia, na mtandao wa huko juu unakuja na kuondoka. Lipa mapema, risiti iwe kwenye simu na nyingine umeandika kwenye daftari, simu ikizima chaji usianze kubishana na askari wa misitu mbele ya wageni. Hivyohivyo Kijungu, pale mnapita eneo la Magereza, kitambulisho kiwepo, kamera izimwe mpaka muambiwe, na msijaribu kabisa kupiga picha majengo au askari.

Sasa nyumba. Hapa ndipo nataka mtulie nami maana ndiyo kazi yenyewe.

Usimpeleke mgeni kwenye nyumba ya mtu ambaye hujawahi kukaa naye mwenyewe. Nenda peke yako kwanza, bila mgeni, nenda na sukari au sabuni, kaa, ongea, eleza unachotaka kufanya na utalipa nini, na ukubali kama wakikataa. Mama mwenye nyumba ndiye wa kuongea naye kuhusu chakula, lakini mzee asipojua mapema siku ile itakuwa ngumu, na mwenyekiti wa kitongoji naye apate habari, maana gari geni likiingia mgombani kila mtu anauliza ni la nani. Alafu hela ya chakula mpe mama mkononi mwake siku moja kabla, ili anunue anachonunua bila kukopa dukani. Hii ya kulipa jioni baada ya wageni kuondoka siipendi hata kidogo. Unamfanya mama wa watu akugharamie biashara yako.

Salamu ndiyo mlango. Wageni wafundisheni wakiwa kwenye gari, kuanzia Uyole mpaka Kiwira wanakuwa wameshika: mugonile kwa mkubwa au kwa watu wengi, ugonile kwa mmoja wa rika lako, na ndaga fijo ya kushukuru. Waelekezeni wasipige kelele, wasikimbilie kushika mikono, wasubiri mzee aanze. Bibi akisikia mgeni kamsalimia kwa Kinyakyusa uso unafunguka, na kuanzia hapo nusu ya kazi yako imeshafanyika. Ila jueni mko wapi. Upande wa Uporoto, Ngozi kule, mtakuta Wasafwa wengi, na ukishuka mpaka ziwani Matema kuna Wakisi wanaofinyanga vyungu, kila watu na lugha yao. Kumwambia mgeni kwamba mkoa mzima ni Wanyakyusa ni kuwakosea majirani zetu, na kumsalimia Msafwa Kinyakyusa nyumbani kwake kwa kujiamini namna hiyo inaonyesha hukujali kuuliza.

Kuna mambo mgeni atayaona na asielewe, na wewe usipoyajua utanyamaza au utabuni. Mfano mmoja ni mkwe. Kwa mila ya Kinyakyusa mke hakutani uso kwa uso na baba mkwe wake, anampisha njia, anageukia pembeni, hata kumtaja jina ni shida. Vijana wengi wameacha au wamelegeza lakini kwa watu wazima bado utaiona. Sasa mgeni anaona mama kageuka ghafla, kaingia kwenye migomba, anafikiri amemuudhi yeye, au mbaya zaidi anamfuata na kamera. Mueleze mapema kwamba ile ni heshima na haimhusu. Na ukitaka kwenda ndani zaidi mwambie habari ya vijiji vya rika, kwamba zamani vijana wa kiume walipofika kama miaka kumi na kitu walitoka kwa baba zao wakajenga kijiji chao wenyewe, wakikua pamoja, wakioa wakiwa palepale, na wazee wakafika mahali pa kuwakabidhi nchi. Watafiti wa nje walikuja kuandika haya tangu miaka ya 1930. Mgeni akishajua hilo, akitazama zile nyumba zilizotawanyika kwenye migomba anaanza kuuliza maswali ya maana, nani alikaa wapi na kwa nini, na hapo mpe mzee nafasi ajibu mwenyewe. Wewe tafsiri tu. Kuna waongozaji wanaomkatiza mzee ili wamalizie wao, jamani, mgeni hakusafiri kote huko kukusikiliza wewe, kaja kumsikia mzee.

Chakula kiwe cha nyumba ile. Ndizi, maharage, maziwa ya mgando, parachichi, samaki kama mko Kyela pamoja na wali wa kulekule. Acheni kubeba chipsi kutoka mjini kwa kuhofia mgeni atakula nini. Muulize mapema kama kuna kitu hali au kinamdhuru, umuambie mama, basi. Maji ya kunywa bebeni ya kutosha. Kimpumu kama kipo na wenyeji wamemkaribisha mgeni ni sawa, ile pombe ya ulezi inayoongezewa maji ya moto na kunywewa kwa mrija mnazunguka, ila wewe mwenye dhamana ya watu usinywe mpaka umewarudisha, na dereva ndiyo kabisa. Na asiyetaka asilazimishwe, akataeni kwa adabu kwa niaba yake.

Picha ni ishu inayoharibu majina ya watu wengi kwenye hii kazi. Anayepigwa aulizwe, watoto aulizwe mzazi, na msibani hakuna picha. Huku kwetu mazishi ni ya watu wengi, wanakaa siku kadhaa, ngoma inaweza kuwepo, na mgeni akipita atadhani ni sherehe. Mkikuta msiba njiani shusheni mwendo, nyamazeni, ikiwa ni wa nyumba mnayoijua mshuke mtoe pole na rambirambi kidogo, hata ratiba ikichelewa.

Kuhusu hadithi na ukweli, naomba vitenganisheni. Ngozi ina hadithi nyingi, ziwa linabadilika rangi, Wajerumani walificha mali, kuna nyoka, na zote zisemwe maana ni za watu wa pale, lakini useme wanasema. Yaliyo na uhakika yaseme kama yalivyo: kwamba Ngozi, Rungwe na Kyejo ni volkano, Kyejo ilimwaga lava mara ya mwisho kama mwaka 1800 hivi, kwamba hapa matawi mawili ya Bonde la Ufa yanakutana, na Daraja la Mungu ni mwamba wa lava ambao mto Kiwira unapita chini yake. Kwamba Tukuyu Wajerumani waliiita Neu Langenburg na Wamoravian walifungua misheni yao Rungwe mwaka 1891. Mvua ya Tukuyu inapita milimita 2,000 kwa mwaka, na ikikutana na udongo wa volkano ndiyo unapata chai, migomba na parachichi kwenye mlima mmoja. Mgeni mmoja kati ya kumi atakuwa ni mwalimu au mtu wa jiolojia, na ukimdanganya kitu kimoja hatakuamini hata kwa kile ulichosema kweli.

Kipunji msimuahidi mtu. Ni kima adimu sana, wanasayansi wamemfahamu miaka ya 2000 tu ingawa wenyeji walimjua kitambo, yuko misitu ya milima ya Rungwe na Livingstone na kidogo Udzungwa, na kwa safari ya siku moja kumuona ni bahati kubwa. Kitulo nayo, ile hifadhi ya maua, semeni ukweli kuhusu miezi. Mgeni anayekuja Agosti kwa sababu ameona picha za maua atakuta majani makavu na baridi ya kuuma, maua ni kati ya Desemba na Aprili, kipindi ambacho ndiyo barabara ya kupanda kutoka Isyonje ina tope. Mwambie yote mawili achague mwenyewe. Na akiuliza kuhusu chikanda elezeni bila kuficha, kwamba mizizi ya okidi inachimbwa na kuuzwa Zambia kwa chakula, na hiyo ni sababu mojawapo Kitulo ikafanywa hifadhi ya taifa mwaka 2005.

Mambo madogo madogo. Makoti ya mvua yakae kwenye gari mwaka mzima. Choo kiulizwe kabla, mgeni mwanamke hawezi kukuambia kila kitu, wewe ndiye wa kujua ni wapi kuna choo safi kati ya Uyole na Tukuyu. Ukiwa na wazee au mtu wa magoti acha Ngozi, nenda Masoko, gari linafika karibu na ziwa na boma la Mjerumani lipo palepale. Jioni msiendeshe mbio kushuka Uporoto, malori ya mpakani Kasumulu ni mengi na ukungu unarudi.

Hela ya mwisho wa siku. Mgeni akitoa zawadi mbele ya mama kwa jina lako, iseme wazi kwamba mtagawana, na ugawane kweli, kijana aliyebeba begi msituni naye apate. Picha nzuri za familia ile ziprinti mjini na uzipeleke safari inayofuata, maana wao ndio walipigwa na mara nyingi hawazioni tena. Alafu nyumba moja usiitumie kila wiki, zungusha kati ya tatu nne, mama apumzike na alime, na majirani nao wapate. Ukifika ukaona siku hiyo uso wa mama haupo sawa, muulize pembeni, na akisema leo hapana, una namba ya nyumba ya pili kwenye simu, piga hapohapo.