Mwanamke wa Pwani anaweza kuzeekea kwenye kazi ya filamu?

Binti wa Malindi, umeuliza kama kazi ya filamu ni ya kufanya ukiwa msichana tu halafu uache ukiolewa. Mimi nimeianza mwaka 1997 hapa Lamu na bado naifanya, nina watoto 3.

Sikuanza na kamera. Lilikuja kundi la wapiga filamu, likataka msichana wa mjini wa kuwatafsiria na kuwaombea ruhusa majumbani. Baba alikataa, shangazi akanisimamia. Wiki ya pili mwenye daftari la kontinuiti aliugua, nikapewa mimi. Kazi yake ni kuangalia picha ya leo iungane na ya juzi: kikoi kimefungwa upande gani, kikombe kina chai kiasi gani. Tulikuwa tukipiga harusi, siku 4 kwa jambo ambalo kwenye filamu ni usiku mmoja. Siku ya kwanza hina ya bibi harusi ilikuwa rangi ya chungwa, ya pili imekoza, ya nne imeanza kufifia viganjani. Wenyewe hawakuliona. Nikamwita mpambaji kutoka Langoni, tukawa tunaifuatiza hina ile mstari kwa mstari kila alfajiri, picha ya siku ya pili mkononi mwangu. Hapo nilijijua nina jicho.

Lakini kuongoza hakukunijia akilini kabisa. Anne Mungai alikuwa ameshatoa Saikati mwaka 1992, filamu ndefu ya Kenya iliyoongozwa na mwanamke, na mimi huku sina habari. Ningejua, nisingepoteza miaka nikidhani kiti kile ni cha wanaume.

Nimeshika mavazi, nimeshika sauti, nimehariri. Sauti ya Lamu inataka subira: misikiti imekaribiana, na punda wanapita na mchanga kutoka majahazini. Ukitaka dakika 3 za mazungumzo safi, uzijue saa za adhana na ujue maji yanajaa lini. Miaka ya kunyonyesha nilihariri nyumbani, mtoto amelala mgongoni.

Kuna kampuni ilinilipa nusu ikatoweka, kwa sababu nilikubali kwa mdomo. Usiguse kazi bila karatasi iliyotiwa saini, na jina lako liandikwe humo vile litakavyotokea mwisho wa filamu.

Mwaka 2014, baada ya mashambulizi ya Mpeketoni, tuliwekewa amri ya kutotoka usiku na wageni wakakatika. Kilichonilisha ni harusi. Upande wa wanawake mwanamume haingii, na kina mama wanaogopa, kwa haki kabisa, picha zao zisizagae kwenye simu za watu. Kwa hiyo nahariria kwao, kwenye kompyuta isiyo na intaneti, nikimaliza namkabidhi mama wa bibi harusi kadi ya kamera na kila kitu, sibaki na nakala. Wengine waliona najinyima. Lakini nilipotaka kuongoza filamu yangu ya kwanza, ya dakika 26, juu ya wasusi wa mikeka wa Kipungani, kina mama walinifungulia mpaka vyumba vya ndani. Hakuna mtu wa Nairobi ambaye angepewa picha zile.

Mtazame pia Judy Kibinge. Alitoka kwenye matangazo ya biashara, akaongoza filamu, kisha akaanzisha Docubox, mfuko wa kusaidia filamu za hali halisi. Ukiwa na wazo lenye miguu, wafuatilie. Ila kwanza ujue kushika daftari.

Nitakuwa Malindi kaskazi ikianza, nina kazi ya siku 6 na wavuvi. Nahitaji mtu wa kontinuiti. Wazazi wako wakisita, nitakuja kuzungumza nao mwenyewe. Njoo na daftari lenye mistari na penseli 2. Wino ukimwagikiwa maji ya chumvi hausomeki.