Usianze na Wimbo Unaoupenda Wewe

Usiku wangu wa kwanza wa kupiga nyu wevu, yaani pop ya Wazungu ya miaka ya themanini, huko Kabalagala, mtaa wa starehe hapa Kampala, nilifungua na "Take On Me" ya a-ha. Nilijua kila mtu anaufahamu. Kweli wanaufahamu, lakini unakwenda karibu mapigo 169 kwa dakika, na saa tatu usiku watu bado wameegemea kaunta na chupa zao. Uwanja ukabaki wangu na mhudumu aliyekuwa anapanga viti.

Kwa hiyo, wadogo zangu mnaoanza udijei hapa Kampala, tazameni mwendo kabla ya jina. Tena kompyuta ya dijei inaweza kuuandika wimbo huo mapigo 84, nusu yake. Ukiamini namba hiyo ukaubandika juu ya dansiholi, ni bodaboda na trela kwenye daraja moja.

Siku hizi nafungua na Talking Heads, zile za albamu yao ya 1980, "Remain in Light". Walipoitengeneza walikuwa wamemsikiliza sana Fela Kuti, yule Mnaijeria wa afrobiti, na mchezaji wa hapa huitambua ngoma hiyo hata kama hawajui waimbaji. Baadaye "Sweet Dreams" ya Eurythmics, kisha "Blue Monday" ya New Order, zote za 1983. Moja iko kama 126, nyingine 130, na ngoma za zote mbili ni za mashine, haziyumbi. Penye mpiga ngoma wa kweli mwendo huteleza. Hapo kitufe cha kulinganisha mwendo wa nyimbo mbili kitawaaibisha. Tumieni masikio, au acheni wimbo uishe ndipo muanze mwingine. Hakuna aliyewahi kudai kiingilio chake kwa sababu wimbo umeisha.

Kilichonitesa zaidi ni sauti. Rekodi za wakati ule hazikushindiliwa sauti kama za leo, kwa hiyo husikika ndogo. Ukitoka kwenye amapiano ukaingia Soft Cell, bendi ya wakati ule, bila kupandisha geini, yaani nguvu ya sauti ya wimbo, wa kaunta atauliza kama spika zimekufa. Pandisha mapema, ukiwa bado unasikiliza kwenye hedifoni. Na faili zilizochomolewa kwenye video ziacheni nyumbani. Spika kubwa hazina siri.

Wazee watakuja kuomba Philly Lutaaya au bendi ya Afrigo, wanamuziki wetu wa Uganda. Wapigieni. Miaka ya themanini ilikuwa yao pia, na wao ndio wanaonunua meza nzima.

Toleo refu la "Blue Monday" linapita dakika saba. Msalani nendeni hapo.