Simba hatoi sauti

Msomaji wa Mbagala anauliza: mbwa anayebweka mgeni akikaribia, je, "anatoa dalili" au "anatoa ishara"? Ni ishara, kwa kuwa ishara huwa na anayeituma na anayekusudiwa aipokee, ilhali dalili humhitaji msomaji wake tu: mawingu mazito juu ya bahari ni dalili ya mvua, ingawa hayakukusudia kumwarifu mtu. Maneno yote mawili yana asili ya Kiarabu, na kuhusu asili inatosha.

Kinachonikera ni hilo "anatoa". Kutoa ni moyo, walisema wahenga, lakini hawakuwa wakizungumzia sauti. Kinachotolewa ni sadaka, kodi na jino bovu. Hata hivyo kila msimulizi wa filamu za wanyama siku hizi hutuambia kwamba simba "ametoa sauti", jogoo "ametoa mlio" na nyuki "wanatoa sauti", kana kwamba lugha hii haikuwahi kuwa na kunguruma, kuwika na kuvuma. Watafiti Seyfarth, Cheney na Marler walionyesha mwaka 1980 kwamba tumbili wa Amboseli, nchini Kenya, wana mlio wa kuonya kuhusu chui, mwingine kuhusu tai na mwingine kuhusu nyoka. Wakisikia wa kwanza hukimbilia mitini, wa pili hutazama angani, wa tatu huchungulia majanini. Tumbili ametenganisha hatari tatu kwa milio mitatu, na sisi wenye kamusi tunashindwa kumtenga simba na jogoo.

Uvivu huo umehamia kwa binadamu, ambao sasa "hutoa ishara ya jicho" badala ya kukonyeza, na "hutoa sauti ya dharau" badala ya kusonya. Mtazame konda wa daladala: akigonga bati, dereva anaondoa gari; akichezesha sarafu kiganjani, abiria wanapapasa mifuko; akipiga mluzi, dereva anajua kuna abiria anakuja mbio. Konda amegonga, amechezesha, amepiga mluzi. Hakuna alichotoa, na chenji hasa ndiyo hatoi kabisa.

"Kutoa ishara" nitaivumilia kwa ngisi anayebadili rangi ya ngozi ili kumtisha mpinzani wake, maana kwa tendo hilo sina kitenzi cha kumpa. Mbwa wa Mbagala hana udhuru huo. Amebweka.