Hanna wa The Reader si mtu halisi

Je, Hanna, yule mlinzi wa kambi ya Wanazi anayeshtakiwa kwenye filamu ya The Reader, alikuwepo kweli? Hapana, ni wa kubuniwa. Filamu hiyo ya 2008 (iliyompa Kate Winslet Oscar) imetoka kwenye riwaya ya Bernhard Schlink ya 1995. Schlink ni mwanasheria na amewahi kuwa jaji, ndiyo maana zile sehemu za mahakamani zimekaa vizuri. Ila kesi za walinzi wa kambi za Wanazi zilikuwepo kweli. Ile ya Frankfurt ya 1963 hadi 1965 iliwahusu waliofanya kazi kwenye kambi ya Auschwitz, lakini washtakiwa walikuwa wanaume. Ukitaka walinzi wa kike, tafuta kesi ya Majdanek (kambi nyingine ya Wanazi) iliyosikilizwa Düsseldorf, 1975 hadi 1981. Mmoja wa walinzi hao, Hermine Ryan, alifungwa maisha. Hilo la Hanna kutojua kusoma amelibuni Schlink mwenyewe.