Uliza Fundi: Gari unalichinja, je makaratasi yake?

Barua tano za mwezi huu zimetoka huku kwetu kaskazini na zote zinauliza kitu kimoja kwa sura tofauti, makaratasi ya kuchinja magari. Kwa wasiojua, kuchinja gari ni kulinunua bovu, unatoa injini, gia boksi, milango, taa, unauza spea, na mifupa inayobaki inaenda skrepa kwa kilo. Mimi nimeshika spana Unga Limited miaka mingi kabla ya kuanza kuandika hapa, kwa hiyo haya nimeyaona kwa macho na mengine yalinipata mwenyewe.

*Niaje braza. Mimi chalii wa A-town, nimekodi kiwanja na nina mtaji kidogo, nataka kufungua yadi ya kuchinja magari niuze spea na skrepa. Jamaa mmoja ananiambia leseni ya biashara inatosha mengine ni kujitafutia stresi, mwingine amenitajia vibali vingi hadi nikaona bora nirudi kwenye boda. Kipi ni kipi?*
*Chalii wa Sombetini, Arusha*

Poa sana chalii wangu. Huyo wa kwanza anataka ufunge baada ya miezi mitatu, huyo wa pili kasema kweli ila kakutisha.

Anza na vile vya kila mfanyabiashara, TIN namba TRA, jina la biashara BRELA, leseni ya halmashauri ambayo siku hizi unaiomba mtandaoni kwenye mfumo wa Tausi. Hapo wala sikai sana maana hata muuza nguo za mtumba anapita njia hiyo hiyo. Ila mwambie afisa biashara ukweli, usiandike "duka la spea" halafu wakija wanakuta mtungi wa gesi, mabodi kumi yamekatwa katikati na lori linapakia chuma. Spea used ni biashara moja, skrepa ni nyingine, na uliza mapema kama kazi zako zote mbili zinahitaji leseni mbili.

Sasa kitu ambacho wengi hawakijui mpaka siku wanafungiwa, chuma chakavu kisheria kinahesabiwa kwenye taka hatarishi. Ndiyo, mlango wa Corolla uko kapu moja na betri. Kwa hiyo kukusanya, kutunza na kusafirisha skrepa kunataka kibali cha mazingira, mambo ya NEMC, wale wa baraza la mazingira, chini ya Sheria ya Mazingira ya 2004, na bahati yako ofisi yao ya Kanda ya Kaskazini iko hapo hapo Arusha huhitaji nauli ya Dar. Nenda kabla hujamlipa mwenye kiwanja kodi ya mwaka. Nimeona watu wamelipa kodi, wamemwaga kokoto, wamejenga na ukuta, ndio wanaambiwa eneo ni la makazi, hela imekwenda na mwenye kiwanja hana habari. Ukishaajiri vijana kuna OSHA, wale wa usalama kazini, wa kusajili eneo la kazi, kuna Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, na kwa sababu unakata na gesi zimamoto nao watakuja kuangalia mitungi yako imekaaje.

Haya ni ya ofisini. Karatasi yenyewe itakayokuokoa wewe ni daftari, tena counter book la kawaida tu la kununua stesheneri, na humo kila gari linaloingia linapata mstari wake: tarehe, namba ya gari, chasis namba, namba ya injini, jina la muuzaji, namba yake ya NIDA, simu, bei, na sahihi yake. Unapiga picha ya kadi na picha ya muuzaji akiwa kasimama na gari. Halafu unachungulia chasis mwenyewe usisomewe. Magari yetu mengi yametoka Japani na yale ya soko la kule kwao hayana ile namba ndefu ya tarakimu na herufi 17 ya magari ya Ulaya, yana ya kwao inayoanza na modeli, mfano Corolla ya NZE121 chasis yake inaanza na hayo hayo NZE121 halafu kistari na namba. Kwenye Corolla fungua boneti utaiona imegongwa kwenye bati linalotenganisha injini na kabini, kwenye Land Cruiser za kazi angalia kwenye fremu karibu na tairi la mbele kulia. Kama bati limesuguliwa au lina rangi mpya hapo tu penginepo kutu tupu, mshukuru mwenye gari, mpe maji ya kunywa, aende zake.

Nakwambia hivyo kwa sababu nilishanunua injini moja kwa mtu ana uso wa mzee wa kanisa, kaja na pikapu saa kumi na moja jioni, bei nzuri, hatujaandikishana kitu. Wiki tatu baadaye wakaja watu na karatasi yenye namba ya ile injini na mimi sina hata jina la aliyeniuzia, namba ya simu aliyonipa haipatikani. Nililala ndani siku mbili, mke wangu akazunguka mji mzima kutafuta mdhamini. Kupokea mali ya wizi kuko kwenye Kanuni ya Adhabu na pale kituoni "mimi sikujua" ni neno wanalolisikia kila siku. Tangu hapo daftari. Na ukiuza toa risiti ya mashine, usitupe kumbukumbu, sheria ya usimamizi wa kodi inataka zikae miaka 5.

Mwisho kwako, oili. Ukichinja gari unabaki na oili chafu, maji ya breki, gesi ya AC na betri, na betri zaidi ya nusu ya uzito wake ni risasi halafu imejaa asidi. Watu wanachukua oili wanapaka mbao mchwa wasile, na nyingine inamwagwa mtaroni usiku. Wakija wakaguzi kitu cha kwanza wanaangalia ni udongo wako una rangi gani. Mwaga zege sehemu ya kuchinjia, weka mapipa yenye mifuniko, betri kaa nazo kwenye kivuli zimesimama, na anayekuja kuzichukua muombe kibali chake uhifadhi kopi, ni mojawapo ya hayo makaratasi.

*Habari za kazi kaka. Mume wangu alifariki akaacha Hilux ya zamani, iko nyuma ya nyumba imekufa injini na kuku wanatagia ndani. Kuna mnunuzi wa skrepa anasema tuipime kilo tumalizane, kadi si lazima kwa sababu gari limeshakufa. Kadi ina jina la marehemu na shemeji zangu nao wana maneno. Nifanyeje?*
*Mama wa Kiboriloni, Moshi*

Salama dada yangu, na pole sana kwa msiba. Usiuze. Namaanisha usiuze leo.

Gari limekufa uani kwako lakini kwenye kompyuta ya TRA liko hai, lina jina la marehemu, na kama hamjafungua mirathi wewe kisheria huna sahihi ya kuliuzia. Huyo mnunuzi anajua vizuri, ndio maana ana haraka. Mkae kikao cha ukoo, muandike muhtasari, mpeleke Mahakama ya Mwanzo ateuliwe msimamizi wa mirathi, na kama shemeji wana maneno basi ndiyo sababu zaidi ya kupitia mahakamani maana huko kila mmoja anasikilizwa na hakuna wa kusema baadaye uliuza mali ya kaka yao kwa siri. Najua kwetu Uchagani watu wanaona aibu kupelekana mahakamani ila hii siyo kesi, ni karatasi tu.

Msimamizi akipatikana ndiye anayesaini mkataba wa mauziano, mbele ya wakili, na mnaandika wazi kwamba gari linauzwa kwa ajili ya kuchinjwa. Halafu msimamizi huyo huyo anaandika barua TRA kuomba kufuta usajili, anaambatanisha kadi, pleti, nakala ya uteuzi wake na huo mkataba. Kadi ikiwa haionekani anzeni polisi kwenye loss report kwanza. Usimwachie mnunuzi kazi ya kufuta, mara nyingi hafanyi, na siku ile kadi ikipachikwa kwenye gari jingine la wizi lenye sura ya Hilux watakuja kugonga kwako Kiboriloni.

Kabla ya yote ingiza namba ya gari kwenye mfumo wa polisi wa faini za barabarani, na uangalie madeni ya maegesho ya TARURA, vyote vinafuata namba ya gari na gari likiwa limelala miaka mingi faini za zamani ziko pale pale zinakusubiri. Ile rodi laisensi ya kila mwaka usiihofie, ilifutwa 2017 ikahamishiwa kwenye bei ya mafuta.

Na kilo dada, asikupimie Hilux nzima kwa bei ya chuma. Gia boksi, difu, rimu na hata kabini vina bei yake kama spea. Kama ni gari lenye injini ya petroli angalia na ule mtungi kwenye ekzosi wenye kitu kama masega ya nyuki ndani, una platinamu na paladiamu, na wapo wanaoutoa kwanza ndipo wanaleta mizani.

*Kaka, tuna ofisi ya tour Njiro. Land Cruiser moja imepinduka, bodi imekwisha lakini injini na gia ziko fresh. Iliingia nchini kwa msamaha wa kodi. Mchinjaji amefika bei, kuna tatizo?*
*Mdau wa safari, Arusha*

Tatizo lipo na ni kubwa kuliko bei aliyofika.

Gari la msamaha halijasamehewa moja kwa moja, limesamehewa kwa kazi ile tu. Sheria ya forodha ya Afrika Mashariki ya 2004 inawapa tour opareta msamaha kwa masharti kwamba gari libebe watalii tu, na ukitaka kuliuza au kulibadilisha matumizi unarudi forodha kwanza kodi ihesabiwe. Kuchinja ni kuuza, hata kama unauza kipande kipande. Andika barua TRA forodha, weka ripoti ya polisi ya ajali na ripoti ya mkaguzi wa magari, waje walione lilivyo, kwa sababu gari lililopinduka thamani yake siyo ya gari zima na hilo ni kwa faida yako. Bima nao waulize, kama wameshalipa gari zima basi mabaki ni yao siyo yako. Wachinjaji mnaosoma, hii iwahusu na nyie. Arusha ina mashirika, ina miradi, ina ofisi za kimataifa, magari ya msamaha yamejaa, muulize kila muuzaji kodi ililipwa au haikulipwa, na jibu lake liandikwe kwenye lile counter book. Yale ya pleti za nchi jirani yanayopitishwa Namanga na Holili ndio kabisa usiyaguse bila karatasi za forodha.

*Shikamoo fundi. Kaka yangu anafanya kazi yadi ya skrepa Leeds, Uingereza, anasema kule gari likichinjwa linapewa cheti cha kifo. Anatania au ni kweli?*
*Mwanafunzi wa VETA, Moshi*

Marahaba kijana. Hatanii, wao wanakiita cheti cha uharibifu. Kule gari la kuchinja linapelekwa kwenye yadi yenye kibali maalumu, inakuandikia cheti ndani ya siku 7, na mwenye gari lazima awaarifu DVLA ambao ndio kama TRA yao upande wa usajili, asipoarifu faini inafika pauni 1,000. Tena kuna sheria ya wafanyabiashara wa skrepa ya 2013, hairuhusiwi kununua skrepa kwa keshi, hela inapita benki, jina na anwani ya muuzaji vinahakikiwa na kumbukumbu zinakaa miaka 3. Hebu waambie hivyo wapima chuma wa Pasua uone watakavyokuangalia. Ila kwa M-Pesa inawezekana kabisa, mimi siku hizi ningeanza yadi ningelipa kwa simu tu, meseji inabaki na jina la mpokeaji, ushahidi wa bure. Kwetu kinachokaribia hicho cheti ni uthibitisho wa kufutwa usajili TRA, ukiupata gonga kopi mbili, moja kwako moja kwa mchinjaji.

*Nimechinja magari kama sita, pleti zake nimezipigilia ukutani gereji kama mapambo, wateja wanazipenda. Kuna ubaya?*
*Fundi wa Mbauda*

Zing'oe kesho asubuhi fundi. Pleti inarudi TRA pamoja na kadi wakati wa kufuta usajili, siyo mapambo, na kijana wako mmoja akiishusha usiku akaikodisha kwa watu wa kazi zao, kamera inasoma namba na namba inaleta watu mpaka kwako. Kama kati ya hizo sita kuna hata moja ya ST au SU, yaani ya serikali au shirika la umma, uliyonunua mnadani, hiyo usisubiri kesho. Ukutani weka kalenda.