Usaili wa kiwanda chenye boila: maswali yenu

*Shikamoo. Nimemaliza uhandisi mitambo, nimeitwa usaili kiwandani. Nipitie nini? (Ujiji)*

Marahaba, mwanangu. Fomula utaulizwa, ila msaili anataka hasa kujua kama presha unaiheshimu. Swali lao pendwa: kwa nini mtungi mpya wa presha hujaribiwa kwa maji badala ya hewa? Maji hayabanwi kirahisi. Mtungi ukipasuka, presha hushuka papo hapo, mkalowa. Hewa iliyobanwa ni springi: chuma kinaruka. Kwa kanuni za ASME (chama cha wahandisi mitambo cha Marekani), sehemu ya 8 divisheni ya 1, presha ya jaribio hilo la maji huanzia mara 1.3 ya presha ya juu inayoruhusiwa.

Hesabu nayo ifanye kwa kalamu. Kipenyo mm 1,000, unene mm 10, presha bar 10: mkazo wa kuzunguka mtungi ni MPa (megapaskali) 50, wa kwenda na urefu MPa 25, nusu yake. Ndiyo maana soseji ikizidi moto hupasuka kwa urefu.

*Mimi sina digrii, nimechochea boila la kinu cha mawese miaka minne. Nilitaje? (Kasulu)*

Anza nalo! Watakuuliza: maji hayaonekani tena kwenye kioo cha kuonyesha kimo chake, moto unawaka, unafanyaje? Unazima moto, huongezi maji, unaacha lipoe. Umewahi kumwagia maji sufuria iliyokaukia jikoni? Hicho kishindo cha mvuke ndani ya boila hakina pa kutokea. Usaili wangu wa kwanza nilijibu "naongeza maji haraka". Mzee aliyenisaili akafunga daftari, akaniuliza kama nimeshakunywa chai.

*Babu alikuwa fundi wa meli ya Liemba. Nikiitolea mfano nitapata alama? (Kigoma mjini)*

Ukijua unachosema. Iliundwa Papenburg, Ujerumani, 1913, ikiendeshwa kwa mvuke. Injini za dizeli ziliingia miaka ya 1970. Ukisema inasukumwa na boila hadi leo, umejimaliza. Muulize babu valvu ya usalama waliijaribuje, hilo ndilo la kusimulia.

*Nivae suti? (Tabora)*

Shati safi linatosha. Viatu viwe vya kufunika vidole, maana wanaweza kukutembeza kiwandani palepale. Ukifika kwenye boila, omba kuona cheti cha ukaguzi wa OSHA (wakala wa usalama na afya kazini), usome tarehe.